Sheikh al-Amin Mazrui na mtego wa tarehe

Ndugu zangu, ukimtaja Sheikh al-Amin bin Ali Mazrui kwa ukadhi peke yake, umemtaja nusu. Kabla hajawa Kadhi Mkuu wa Kenya mwaka 1937 alikuwa mtu wa magazeti. Mwaka 1930 alianzisha Sahifa hapo Mombasa, na 1932 akaleta al-Islah. Tena akaandika kwa Kiarabu habari za jamaa zake, Mazrui waliotawala Mombasa mpaka 1837.

Sasa tuseme mmoja wenu anataka kuandika wasifu wa mtu wa zama zile. Mtindo wa lugha hautamshinda. Patakapomharibikia ni kwenye tarehe.

Gazeti lina tarehe juu ya ukurasa. Barua za zamani na hati za nikaha, mara nyingi utakuta Hijria tupu. Kanuni ya haraka ya kugeuza mwaka wa Hijria kuwa wa miladi, huu wa kawaida, mnaijua: gawa mwaka kwa 33, kitokacho kitoe kwenye mwaka wenyewe, ongeza 622. Jaribuni 1351. Ukigawa unapata karibu 41; ukitoa inabaki 1310; ukiongeza 622 ni 1932. Vizuri. Ila mwaka huo wa 1351 ulianza Mei 1932 ukaisha Aprili 1933. Barua iliyoandikwa katikati ya Mfungo Mosi 1351, yaani mwezi unaofuata Ramadhani, ni ya Februari 1933. Ukiiweka 1932 unaweza kukuta mtu anajibu barua ambayo hajaandikiwa bado, na msomaji makini atakukamata hapo hapo.

Umri nao ni hivyo hivyo. Aliyeishi miaka 66 kwa hesabu ya mwezi ana 64 kwa hesabu ya jua, maana kila mwaka zinapungua siku kama 11.

Kosa baya zaidi ni la siku, kwa kuwa halionekani. Mzee akikuambia fulani alifariki usiku wa Ijumaa, kwake siku imeanza magharibi; anakusudia Alhamisi baada ya jua kutua. Mwandishi wa mjini anaandika Ijumaa usiku, kisha anashangaa mbona maziko yametangulia kifo. Muulize mzee: kabla ya sala ya Ijumaa au baada yake? Swali hilo moja linatosha.

Na pale tarehe isipopatikana kabisa, fuateni nyayo za Sheikh Abdallah Saleh Farsy alipoandika habari za wanavyuoni wa Kishafi wa huku kwetu: nani alisoma kwa nani. Mwanafunzi hawezi kukaa darasani kwa mwalimu aliyekwisha kufa, kwa hiyo silsila ya masomo inakupa mipaka miwili ya kubania miaka.

Katika daftari, nakilini tarehe kama mlivyoikuta, kwa maneno yale yale, na ya miladi muiweke pembeni kwa penseli. Kalamu ya wino subirini mpate shahidi wa pili.