Fremu mbili za Anne Coates: maongezi na vijana wanaoediti, Mombasa

Haya jamani, asalaam aleikum, karibuni, wa nyuma sogeeni mbele kidogo manake spika ya hapa haifiki mbali.

Wengi wenu mwaniambia kuediti ni pa kupitia tu, ati ukishajua programu utakuwa dairekta. Mimi nawaomba muione ni kazi ya mtu kuzeeka nayo. Kulikuwa na mama mmoja Muingereza, Anne V. Coates, mzaliwa wa 1925, kwanza alikuwa nesi, halafu akaingia filamu kwa kurekebisha mikanda ya filamu za dini. Hakutoka tena. 1963 akapewa Oscar, ile tuzo kubwa ya filamu, kwa kuediti filamu ya Lawrence of Arabia, na 2015 bado ametoa filamu, ana miaka 89!

Katika hiyo Lawrence kuna mahali jamaa ameshika kiberiti chawaka, akipuliza, pap, uko jangwani jua lachomoza. Kwenye skripti picha moja ilikuwa iyeyukie ndani ya nyengine, lakini zamani hizo kuyeyusha kulifanywa maabara, kwa hivyo pale mezani picha zilikuwa zimeungwa tu hivi hivi, wakazitazama wakaona mbona yapendeza. David Lean, dairekta, akamwambia Anne imekaribia, kaimalizie. Anne akaenda akapunguza fremu mbili, yaani vipicha viwili vya mkanda. Mbili tu! Na sinema ni fremu 24 kwa sekunde, hapo hata kope haijashuka ikapanda.

Sasa nyinyi dada mnaoediti video za kupamba, ile sherehe ya bi harusi ya wanawake peke yao, ambazo familia haitaki mwanamume aziguse, msiidharau kazi hiyo kabisa. Kamera mbili, masaa na masaa, taarab yapiga, na humo ndani kuna sekunde moja bi harusi amtazama mamake kabla hajainamisha macho. Ukikata kwa kufuata mdundo peke yake, sekunde hiyo imekwenda na hakuna atakayejua ilikuwepo, hata yule mama. Ndio nasema tazama rekodi yote, na sauti yake, kabla hujagusa kitu. Mteja ataka kesho, najua, basi siku na bei mkubaliane mapema, chukua cha kutanguliza, na rekodi ziweke kwenye hard disk mbili tafadhali.

Haya, yule aliyekuja na klipu za feri ya Likoni, chomeka flashi tuzione zote, usikate chochote kwanza.