Kamera Iliyobaki Nyuma

MWANAIDI: Haya, tumerudi tena. Mkisikia honi, hiyo ni tuktuk. Tumefungua dirisha, joto la Mombasa mwalijua wenyewe. Leo niko na Swaleh, mtengenezaji wa filamu za michezo. Swaleh, sauti yako imeenda wapi?

SWALEH: Imebaki uwanjani Tononoka, dada. Tangu saa saba niko juani na kamera begani.

MWANAIDI: Si mpira ungeonyeshwa tu kwenye televisheni?

SWALEH: Hapana, wa televisheni afuate mpira, mtazamaji anataka matokeo. Anayekuja kutazama filamu ya hali halisi, matokeo anayo tayari. Kwa hivyo mpira naupa mgongo. Nakaa na kipa ambaye hana kazi.

MWANAIDI: Anafanya nini huko?

SWALEH: Anaongea peke yake! Anafungua glavu, anafunga, anachora mstari kwa kiatu, anaufuta. Mechi yote iko pale.

MWANAIDI: Umenikumbusha mbio za nyika za dunia, 2007, pale uwanja wa gofu hapa Mombasa.

SWALEH: Wallahi! Kenenisa Bekele wa Ethiopia alikuja na mataji matano mfululizo ya mbio ndefu. Kilomita 12, mwezi wa Machi, na unyevu huu wetu. Mzunguko wa mwisho Zersenay Tadese wa Eritrea anampita, Bekele anatoka njiani, hamalizi. Sasa wewe una kamera moja. Waenda na nani?

MWANAIDI: Na mshindi, jamani.

SWALEH: Mshindi hakosi kamera. Mimi nabaki na aliyesimama.

MWANAIDI: Mh. Na huo si ukatili? Mtu ameumia, wewe wamjia na lenzi usoni.

SWALEH: Simjii. Natumia lenzi ya milimita 200, inavuta picha ya mbali, nami nasimama mbali. Akinitazama, nashusha kamera.

MWANAIDI: Kila mara?

SWALEH: (anacheka) Karibu kila mara.

MWANAIDI: Haya, na mechi za usiku?

SWALEH: Usiku taa ndiyo adui. Umeme wetu ni hezi 50, yaani mawimbi 50 kwa sekunde, na taa nyingi zapepesa mara mbili kila wimbi, mara 100 kwa sekunde. Jicho halioni. Piga fremu 120 kwa sekunde upate mwendo wa polepole, picha yote inacheza kama disko. Nikiwa na shaka narudi fremu 25, polepole nasahau.

MWANAIDI: Waambie watu wangu ile ya kiyoyozi.

SWALEH: Yakhe, usinitie aibu. Kamera ililala chumba chenye kiyoyozi usiku kucha. Asubuhi natoka nayo moja kwa moja hadi uwanjani, lenzi ikajaa ukungu. Ukipangusa, unarudi. Dawa ni kuiacha ndani ya begi lililofungwa mpaka ipate joto la nje. Mimi nina haraka, nafungua. Dakika ya tatu, bao.

MWANAIDI: Na ukapata nini?

SWALEH: Weupe mtupu. Ila maikrofoni ilikuwa inarekodi: kelele, kisha mama mmoja nyuma yangu analia, "Mwanangu huyo! Mwanangu huyo!"

MWANAIDI: Ukaitupa?

SWALEH: Nitupe? Ndiyo inayofungua filamu.