Buibui Anasokota kwa Maji

Mabibi na mabwana, mtazameni buibui anapojiachia kutoka darini. Uzi anaoning'inia nao ni mwembamba kuliko unywele, lakini kabla haujakatika humeza nishati nyingi kuliko Kevlar ya uzito uleule, ile ya fulana za kuzuia risasi. Sasa linganisheni viwanda. Kevlar, iliyobuniwa na Stephanie Kwolek mwaka 1965, husokotwa kutoka kwenye asidi kali ya salfuriki. Buibui anatumia maji, kwa joto la kawaida, na kiwanda chake chote kimo tumboni.

Kumfuga kwa wingi ili tupate uzi wake ni vigumu, waweke pamoja, watalana. Basi jeni ya protini ya uzi wake ikapandikizwa kwenye bakteria, kwenye chachu, hata kwa mbuzi, protini ikatoka ndani ya maziwa. Kilichosokotwa kikawa uzi dhaifu. Kulikoni?

Hapa naomba tukae kidogo. Tezini protini ni ute mzito. Inapopita kwenye mrija unaozidi kuwa mwembamba, chumvi hubadilishana, asidi hupanda taratibu, maji hutoka, na kule kuvutwa kwa uzi huzilaza molekuli upande mmoja. Sehemu za protini zenye alanini nyingi, mojawapo ya asidi amino zinazoijenga, hushikana zikawa fuwele ndogo ngumu. Zenye glisini, asidi amino nyingine, hubaki legelege. Ndiyo maana uzi ni mgumu na bado unanyumbuka. Sisi tulikuwa tukiimwaga protini kwenye alkoholi igande papo hapo! Tuliiba pamba, tukamwacha msokotaji.

Mwaka 2017 watafiti wa Sweden walitangaza protini fupi ya kubuni, inayotengenezwa na bakteria, ambayo hubaki imeyeyuka majini na huwa uzi ikikutana na asidi. Lita moja ya bakteria ilitosha uzi wa kilomita moja. Uimara wa buibui ulikuwa bado haujafikiwa, lakini kwangu hiyo ndiyo hatua iliyokuwa ikingojewa: hatimaye wamemwiga msokotaji.

Angela Belcher, mtafiti wa chuo kikuu cha MIT nchini Marekani, hamwigi buibui, anachuja: anatafuta virusi vinavyonata kwenye madini anayotaka kujengea. Humwagia fuwele za madini hayo virusi vya M13 kwa mabilioni, kila kimoja kikiwa na kipande chake cha protini kwenye ganda. Visivyonata huoshwa, vilivyonata huzalishwa, kisha huchujwa tena. (Msiogope, M13 hushambulia bakteria tu.) Mwaka 2009 kundi lake lilionyesha elektrodi ya betri (ncha inayopitisha umeme) iliyojengwa juu ya virusi hivyo. Nayo ilitengenezwa ndani ya maji, bila tanuri.