Kazi Umeifanya, Karatasi Iko Wapi?

(Mhadhara kwa wakandarasi wadogo na mafundi, Lamu)

Assalamu alaykum, wazee wangu, mama zangu, na nyinyi vijana mliokaa kule mlangoni. Sogeeni, nafasi ipo.

Nianze na mfuko wa plastiki. Marehemu baba yangu alikuwa mkandarasi mdogo. Alijenga madarasa mawili kisiwani Pate kwa zabuni ya ofisi moja ya umma. Saruji ilivushwa kwa jahazi kutoka Mokowe, ikangojewa maji yajae ndipo ishushwe, kisha punda wakaibeba mpaka kwenye kazi. Paa lilipokwisha kuezekwa, afisa akampigia simu: "Mzee, tuongezee vyoo, mambo ya karatasi tutayamaliza baadaye." Baba akavijenga. Alipofariki nikaufungua mfuko wake: mkataba, risiti za saruji, cheti cha mhandisi cha madarasa. Kuhusu vyoo, hata mstari mmoja hapana. Watoto wanavitumia mpaka leo, na senti haijalipwa.

Nilikuwa nimeshakuwa wakili, na sikuweza kumsaidia.

Kifungu cha 135 cha Sheria ya Ununuzi wa Umma ya Kenya ya 2015 kinasema mkataba haujawa mkataba mpaka uandikwe na pande zote mbili zitie saini. Barua ya kukuarifu kwamba umeshinda zabuni haitoshi. Kifungu cha 139 nacho kinataka nyongeza ya kazi iidhinishwe kwa maandishi, na nyongeza zote kwa jumla zisizidi asilimia 25 ya bei ya awali. Msidhani mahakama itawaonea huruma. Mwaka 2019, katika kesi ya kampuni ya utangazaji ya Royal Media Services dhidi ya IEBC, yaani tume ya uchaguzi, Mahakama ya Rufani ilikataa dai la malipo ya matangazo yaliyokwisha kurushwa, kwa kuwa taratibu za ununuzi hazikufuatwa. Hukumu ile huniuma kila niisomapo. Basi afisa akikupigia simu, mjibu kwa adabu: "Naam, niandikie kwanza."

Ukiwa na karatasi na hulipwi, andika barua ya madai, ipigwe muhuri wa kupokelewa, nakala ubaki nayo. Hesabu miaka: dai la mkataba dhidi ya Serikali lina miaka 3 tu ya kufikishwa mahakamani, si 6 kama la mtu na mtu. Wengi hupoteza haki yao wakiambiwa "ngoja bajeti ijayo." Tazama pia kama mkataba unataka mgogoro uende kwa msuluhishi kabla ya mahakama.

Kifungu cha 140 cha sheria ile ile ya ununuzi kinakupa riba kwa malipo yaliyocheleweshwa. Najua neno hilo lina uzito hapa kwetu. Asiyeitaka asiidai, hakuna wa kumlazimisha. Lakini gharama za kesi na deni lenyewe adai kikamilifu, maana mwenye duka aliyemkopesha mabati naye ana watoto.

Sasa mmeshinda. Hapa ndipo watu hukata tamaa. Kwa deni la mtu wa kawaida ungemtuma dalali achukue gari. Kwa Serikali huwezi: kifungu cha 21 cha Sheria ya Mashtaka dhidi ya Serikali, Sura ya 40, kinakataza kukamata mali yake, na kaunti nazo zimeingizwa humo. Njia ni hii: siku 21 zikipita baada ya hukumu, omba mahakamani hati ya kuthibitisha amri ya malipo, umfikishie afisa mwenye dhamana ya fedha. Akinyamaza, nenda Mahakama Kuu uombe amri ya kumlazimisha alipe. Akiipuuza hiyo, anashtakiwa kwa kudharau mahakama yeye mwenyewe, kwa jina lake, na anaweza kufungwa. Nimeona faili lililolala miaka likaamka wiki ile afisa alipoitwa kueleza kwa nini asifungwe.

Nitakaa hapa mpaka adhuhuri. Mwenye mkataba alete, tuusome pamoja ukurasa wa malipo. Mzee wangu mwenye bahasha ya kaki, karibu, tuanze na wako.