Mji Unapotoa Ushahidi: Mhadhara kuhusu Miji katika Hadithi za Upelelezi

Mwenyekiti, waandishi wenzangu, na wasomaji mliokuja kusikiliza,

Walionisikia huko nyuma wanalijua neno nitakaloanza nalo, na watanivumilia nikilirudia, kwa sababu kosa lenyewe hurudiwa kila riwaya mpya ya upelelezi inapohakikiwa. Mhakiki husifu kitabu kwa kusema kwamba mji uliomo ni mhusika. Husema hivyo kwa nia njema, na mwandishi hufurahi. Lakini ukimwuliza mhusika huyo amefanya nini, atakuonyesha aya tatu za mvua, taa za barabarani zinazong'aa juu ya lami iliyolowa, na jina la mtaa ambalo wenyeji watalitambua. Hayo ni mapambo. Mhusika hutenda, na tendo lake hugeuza mkondo wa kisa. Mji usiotenda lolote ni pazia lililochorwa, na pazia waweza kulibadilisha bila mwigizaji kubadili hata neno moja.

Ninachodai mimi ni kikubwa zaidi. Nasema kwamba katika hadithi bora za aina hii mji ndio unaoliwezesha kosa litendeke jinsi lilivyotendeka, ndio unaomficha mkosaji, na mwishowe ndio unaomtoa hadharani. Kipimo chake ni chepesi: lichukue kosa, ulipeleke mji mwingine au kijijini, kisha utazame kama linasimama. Likisimama bila kutikisika, mwandishi huyo hakuutumia mji, aliutaja tu.

Najua yupo atakayeniambia kwamba kipimo hiki kinaangushwa na mwanzilishi mwenyewe wa hadithi hizi. Edgar Allan Poe alimweka mpelelezi wake Dupin Paris mwaka 1841, ilhali yeye mwenyewe hakuwahi kukanyaga Paris, na mtaa wa Rue Morgue aliousimulia haukuwapo katika mji huo. Tena, Mary Rogers, msichana aliyejulikana New York kwa kuuza katika duka la sigara, alipokutwa amekufa katika mto Hudson mwezi Julai 1841, Poe alikitwaa kisa chake, akampa jina la Marie Rogêt, mto akaugeuza kuwa Seine, na mambo yote ya New York akayahamishia Ufaransa. Je, huo si uthibitisho kwamba mji huu ni sawa na ule?

Sivyo hata kidogo, na aliyeisoma hadithi hiyo kwa utulivu atakubaliana nami. Ndani yake gazeti moja linashikilia kwamba msichana anayefahamika kwa maelfu ya watu hangeweza kupita mitaa mitatu bila mtu kumwona. Dupin anajibu kwa hesabu. Anasema mwandishi wa gazeti anajipimia mwenyewe, kwa kuwa yeye hutembea kati ya nyumbani na kazini kwa njia ile ile na saa zile zile, akikutana na watu wanaomjua kwa sababu ya kazi yake; lakini hata mtu mashuhuri kuliko wote Paris, wale anaofahamiana nao ni wachache mno ukiwalinganisha na wakazi wote wa mji. Kwa hiyo msichana anayeshika njia asiyoizoea aweza kuukata mji mchana kweupe, katikati ya umati, asionwe na jicho hata moja linalomjua. Poe alilihamisha kosa kutoka mji mkubwa wenye mto hadi mji mkubwa wenye mto, na alichokibeba safarini ni ule wingi wa watu wasiojuana. Lipeleke kijijini uone kama hoja ya Dupin itafika jioni, mahali ambapo kila apitaye huulizwa atokako na aendako.

Sehemu ya kwanza ya hadithi hiyo ilichapishwa mwaka 1842, na mwaka huo huo polisi wa London waliunda kikosi chao cha kwanza cha wapelelezi, kikiwa na watu 8 tu. Sioni ajabu mambo hayo mawili kuangukia mwaka mmoja. London ilikuwa na watu wapatao milioni moja mwanzoni mwa karne ya 19, na ilipofika mwisho wa karne hiyo walikuwa wamezidi milioni sita. Watu wanapoishi hivyo, bega kwa bega bila kujuana, mtu ambaye kazi yake ni kuulizia wasiojulikana huwa wa lazima, mjini na vitabuni vilevile.

Sasa naja kwenye hadithi ambayo sichoki kuifundisha, ile ya chama cha watu wenye nywele nyekundu, iliyotolewa na Arthur Conan Doyle mwaka 1891. Mfanyabiashara mmoja mwenye duka la rehani anamjia mpelelezi Sherlock Holmes na malalamiko yanayochekesha. Alipewa kazi ya kunakili ensaiklopidia kwa mkono, kuanzia saa nne asubuhi hadi saa nane mchana, kwa malipo ya pauni 4 kwa juma, eti kwa sababu tu nywele zake ni nyekundu. Na baada ya majuma 8 akakuta ofisi imefungwa na chama kimevunjwa. Wengi hukumbuka nywele na ensaiklopidia. Nawaomba mkumbuke anachofanya Holmes baadaye, maana hapo ndipo hadithi ilipo.

Holmes anakwenda kwenye uwanja mdogo lilipo lile duka. Ni mahali pamechakaa, nyumba za matofali zimekizunguka kipande cha nyasi zilizonyauka. Anasimama mbele ya duka na kuigonga njia ya miguu kwa fimbo yake mara mbili tatu. Anabisha hodi, mlango unafunguliwa na msaidizi wa duka, kijana aliyekubali kufanya kazi kwa nusu ya mshahara, na Holmes anamwuliza njia ya kwenda Strand. Anajibiwa, anashukuru, anaondoka. Watson anadhani rafiki yake alitaka kuuona uso wa kijana. Holmes anamwambia kwamba alichotaka kuona ni magoti ya suruali yake.

Kisha wanapinda kona, na aya inayofuata ningependa kila mwandishi chipukizi aisome mara kumi. Nyuma ya uwanja ule uliodorora imo mojawapo ya barabara kuu za mji, imejaa magari ya farasi na watu wanaokwenda mbio, na Watson anashindwa kuamini kwamba maduka yale ya fahari yamepeana migongo na uwanja walioutoka sasa hivi. Holmes anasimama pembeni na kuyataja majengo kwa mpangilio wake: duka la tumbaku, duka dogo la magazeti, tawi la benki, mkahawa wa wasiokula nyama, karakana ya magari. Anasema kuijua London barabara ni jambo analolipenda. Amekwisha kumaliza kazi: chama kile kilikuwa hila ya kumtoa mwenye duka nyumbani ili handaki lichimbwe. Fimbo imemwambia kwamba handaki halikuchimbwa kuelekea mbele ya duka, magoti yaliyochakaa na kuchafuka yamemwambia nani anachimba, na kona imemwambia anakochimbia. Usiku ule wanamkamata kijana ndani ya ghala la chini la benki, lenye dhahabu ya Ufaransa, akichomoza kutoka sakafuni.

Pimeni kisa hiki kwa kipimo changu. Kosa lote linategemea jambo moja ambalo ni mji pekee unaoweza kulitoa: nyumba ya maskini na hazina ya benki zimeegemeana migongo, na watu wa upande huu hawana habari na watu wa upande wa pili kwa sababu nyuso za nyumba zao zinatazama mitaa tofauti. Mwenye duka ameishi pale na hajawahi kufikiri juu ya kilicho nyuma ya ukuta wake. Mwizi alifikiri. Holmes naye alifikiri, na alichohitaji ni kupinda kona kwa miguu yake. Toa kona ile, na kitakachobaki mkononi ni mzaha wa nywele.

Hapa huletwa pingamizi ambalo naliheshimu, kwa kuwa linatoka kinywani mwa Holmes mwenyewe. Katika hadithi nyingine ya mwaka 1892, akiwa kwenye treni kuelekea Winchester, Watson anasifu uzuri wa nyumba za mashambani, na Holmes anamkatiza kwa kusema kwamba vichochoro vibaya kabisa vya London havina rekodi ya dhambi inayotisha kuliko mashamba yale yanayopendeza macho. Sababu anayoitoa ni nzito: mjini, kilio cha mtoto anayeteswa huwafikia majirani na kuwaghadhibisha, na vyombo vya sheria viko karibu, shambani kila nyumba imekaa peke yake, na ukatili waweza kuendelea mwaka hadi mwaka bila mtu kujua.

Nakubali kila neno. Sijawahi kudai kwamba mji una uovu mwingi kuliko shamba, na anayenisikia hivyo anajibu hoja ambayo sikuitoa. Ninachosema ni kwamba maficho yake ni ya namna nyingine. Shamba huficha kwa umbali. Mji huficha kwa ukaribu, kwa unene wa tofali moja. Na kuna tofauti kubwa zaidi ambayo Holmes hakuigusa. Hadithi ya mauaji ya kijijini, au ya nyumba kubwa ya mashambani, huanza na orodha ya majina: hawa ndio waliokuwamo, mmoja wao ameua. Hadithi ya mjini huanza bila jina hata moja. Mpelelezi wa kijijini anapunguza. Mpelelezi wa mjini lazima kwanza apate wa kupunguza. Anayeandika kisa cha mjini na kutupatia watuhumiwa sita katika sura ya kwanza, wote wakifahamiana, ameandika kisa cha kijiji na kukivika nguo za mjini.

Mji pia humficha mtu mbele ya macho. G. K. Chesterton alilionyesha hilo mwaka 1911 katika hadithi ambayo ndani yake watu wanne waaminifu wanalilinda jengo moja la London, na wote wanaapa kwamba hakuna aliyeingia, ingawa nyayo zimeonekana wazi kwenye theluji na mkazi wa ghorofani ameuawa. Muuaji alipita katikati yao akiwa amevaa sare ya tarishi wa posta, na maiti akaitoa ndani ya mfuko wa barua. Wale wanne hawakusema uongo. Walipoulizwa kama mtu ameingia, walielewa mtu asiye na kazi pale, na tarishi kwao hakuhesabika. Wengi husoma hadithi hii kama fumbo la werevu. Mimi naisoma kama shtaka dhidi yetu tunaoishi mijini, tunaofunguliwa milango na kuletewa mizigo kila siku na watu ambao tukiulizwa jioni hatuwezi kuzieleza nyuso zao.

Naona muda unanikimbia, nami nilikusudia kuzungumza kwa kirefu juu ya Los Angeles ya Raymond Chandler, mji uliotawanyika ambamo mpelelezi huendesha gari kutoka kwa matajiri mlimani hadi kwa maskini bondeni na kugundua kwamba ni familia zile zile zenye siri zile zile. Nilitaka pia kumtetea Chester Himes, aliyeandika visa vyake vya Harlem, mtaa wa New York, akiwa Ufaransa, dhidi ya wanaosema kwamba lazima mwandishi aishi mtaani anamoandika. Na Ed McBain, ambaye tangu mwaka 1956 alibuni mji mzima mithili ya New York ili awe huru kuupanga atakavyo. Hayo yatangoja.

Niacheni nimalize na San Francisco. Kando ya barabara ya Bush, juu ya handaki la Stockton, kipo kichochoro kiitwacho Burritt, na ukutani kimewekwa kibao kinachosema kwamba karibu na hapo Miles Archer, mshirika wa Sam Spade, aliuawa na Brigid O'Shaughnessy. Ni watu wa kubuni wote watatu, wa riwaya ya Dashiell Hammett iliyotoka kitabuni mwaka 1930. Wageni hupiga picha na kuondoka. Wengine hukilaumu kibao kwa kumtaja muuaji kabla mtu hajasoma. Malalamiko yangu ni mengine: kimemtaja muuaji, lakini hakikusema alijulikanaje.

Alijulikana kwa sababu ya kichochoro. Archer alikuwa mpelelezi mzoefu. Spade anajiuliza mtu kama huyo, akiwa anamfuatilia mwanamume mwingine usiku, angewezaje kuingia naye kwenye uchochoro usio na njia ya kutokea, bastola ikiwa bado kiunoni na koti limefungwa vifungo. Hangeingia. Angeingia pale bila woga na mtu mmoja tu, mteja wake Brigid, mwanamke aliyemwamini.