Kiti cha Julian Bond

Ndugu wasikilizaji, mmenisikia mara nyingi nikisema kwamba kiti cha mbunge ni mali ya waliompigia kura, si ya wabunge wenzake. Leo nalirudia kwa kisa cha Julian Bond, aliyechaguliwa kuwa mbunge katika bunge la jimbo la Georgia, Marekani, kwa sababu bado nakutana na wasomi wazima wanaoamini kwamba bunge linaweza kumzuia mlangoni mtu ambaye maneno yake yameliudhi.

Bond alichaguliwa Juni 1965, akiwa na umri wa miaka 25, na wakazi wa Atlanta ambao wengi wao walikuwa Weusi, kwa zaidi ya asilimia 80 ya kura. Alikuwa pia msemaji wa SNCC, jumuiya ya vijana waliopigania haki za kiraia Kusini mwa Marekani. Januari 6, 1966 jumuiya hiyo ilitoa tamko la kupinga vita vya Vietnam. Mwandishi wa redio akamwuliza Bond kwa simu kama analiunga mkono, naye akasema ndiyo. Siku nne baadaye wabunge wenzake walisimama, wakainua mikono, wakala kiapo, na yeye akabaki amekaa kitini. Hakukataa kuapa! Nalisisitiza hilo kwa sababu ndipo watu wanapokosea: alikuwa tayari kuapa kuitetea katiba, bali karani ndiye aliyekataa kumwapisha. Kura zilipopigwa, 184 walimkataa, 12 tu wakamkubali.

Atasema mtu kwamba kila bunge lina haki ya kuchunguza sifa za wajumbe wake. Ni kweli, na sifa hizo, kama umri na ukaazi, zimeandikwa. Bond alikuwa nazo zote, wala hakuna aliyebisha. Kilichobishiwa ni moyo wake, eti aliyesema vile hawezi kuapa kwa dhati. Je, ni nani kati ya wale 184 aliyepimwa moyo kabla ya kuapishwa? Wananchi walimchagua tena Februari, akakataliwa tena. Wakamchagua tena Novemba. Martin Luther King mwenyewe, mkazi wa eneo lile, alijiunga na kesi kama mpiga kura aliyenyimwa mwakilishi. Desemba 5, 1966 majaji wote 9 wa Mahakama Kuu ya Marekani waliamua kwa kauli moja kwamba Bond amedhulumiwa uhuru wake wa kusema.

Muda umenibana, kwa hiyo miaka 20 aliyotumikia katika mabaraza yote mawili ya Georgia, kushindwa kwake na rafiki yake John Lewis katika uchaguzi wa mwaka 1986, na uenyekiti wake wa NAACP, jumuiya kongwe ya kutetea haki za Weusi Marekani, nitavipita. Januari 9, 1967 alisimama katika ukumbi uleule, akala kiapo kilekile alichokuwa tayari kukila mwaka mmoja kabla, na watu waliokuwa wamemchagua mara tatu wakapata mtu wa kuwasemea.