Namba ya CFU Inasema Nini: Mhadhara kwa Mafundi wa Maabara za Maji na Samaki, Mwanza

Mwangaluka, ndugu zangu, na karibuni sana. Humu ukumbini wamo mafundi wa maji, wakaguzi wa minofu ya sangara na wanafunzi wa maabara. Kazi zenu zinatofautiana, lakini kwenye fomu ya majibu mnakutana na herufi zilezile tatu: CFU. Kwa Kiswahili ni kizio cha kuunda koloni. Ningependa tuelewane mapema kuhusu jambo moja ambalo mengine yote ya leo yanalitegemea: namba hiyo inahesabu koloni zilizoota juu ya sahani. Bakteria waliokuwamo ndani ya maji au kwenye samaki haijawahesabu.

Koloni ni doa. Seli isiyoonekana kwa macho inaangukia kwenye agari, ule ute ulioganda wenye chakula cha bakteria, inagawanyika usiku kucha, asubuhi wamekuwa mamilioni nawe unaona doa lenye upana wa milimita moja au mbili. Ila doa halikuambii lilianzishwa na wangapi. Inaweza kuwa seli moja, mnyororo wa streptokoka, kichala cha stafilokoka, au bakteria ishirini walionata kwenye punje moja ya tope. Wote hao wanatoa doa moja. Anayesimama Capri Point usiku wa giza akahesabu taa za wavuvi wa dagaa amehesabu taa tu; mtumbwi wenye watu wanne umeingia kama mmoja, na uliozima taa haumo kabisa katika hesabu yake.

Ndiyo maana kutikisa chupa si adabu ya kazi tu, kunabadilisha jibu. Chupa ya sampuli isijazwe hadi mdomoni, ibaki nafasi ya hewa ya sentimita mbili au zaidi, kisha itikiswe kwa nguvu kama mara 25 kabla ya kupima. Fundi anayeigeuza chupa taratibu mara tatu atapata namba ndogo kuliko mwenzake, maji yakiwa yaleyale. Kwa maji ya Ghuba ya Mwanza wakati ule ziwa linapogeuka kijani jambo hili lina uzito zaidi, kwa sababu bakteria wengi wamejishikiza kwenye mwani.

Hesabu hii ina umri mkubwa. Mjerumani Robert Koch alianza kuotesha bakteria kwenye jelatini mwanzoni mwa miaka ya 1880. Fanny Hesse akapendekeza agari, ambayo haiyeyuki kwenye joto la kuoteshea, na mwaka 1887 Julius Petri akaeleza sahani ambayo hadi leo ina jina lake. (Koch huyohuyo alifika ziwa hili, visiwa vya Sese upande wa Uganda, mwaka 1906, kuchunguza malale.) Koch alipopendekeza kwamba maji yaliyochujwa kwa mchanga yasizidi koloni 100 kwa mililita, zilikuwa koloni za kwenye jelatini, iliyooteshwa kwenye joto dogo isije ikayeyuka. Ukiichukua 100 ile ukaiweka kando ya 100 yako ya leo ya agari kwenye nyuzi 37, unalinganisha vitu viwili tofauti. Namba ya CFU isiyotaja chakula cha kuoteshea, joto na muda imekatwa mkia.

Twende kwenye maji. Njia inayotumika sana ni ya utando: duara la kuchujia lenye kipenyo cha milimita 47 na vitundu vya mikromita 0.45. Unachuja mililita 100, unaushika utando kwa kibano kilichopitishwa kwenye moto, unaulaza taratibu juu ya pedi yenye mchuzi wa lauryl sulphate, ukianzia ukingo mmoja ili hewa isibaki chini. Palipobaki povu la hewa chakula hakifiki, na hapo hapaoti kitu. Mchuzi uloweshe pedi yote, lakini uliozidi umwagwe, la sivyo koloni zitatambaa na kuungana. Kisha usikimbilie nyuzi 44. Ziache sahani kwenye joto la chumba kati ya saa 1 na 4, ndipo uzitie kwenye inkubeta, kabati la joto la kuoteshea, nyuzi 44 kwa saa 16 hadi 18. Muda ule wa mwanzo ni wa kuwapa nafuu bakteria waliojeruhiwa na klorini. Wakiingizwa moja kwa moja kwenye nyuzi 44 wengi hufa, nawe utaandika sifuri kwa maji ambayo hayastahili sifuri. Unahesabu koloni za njano, ndizo za koliformu wastahimilivu wa joto, bakteria wanaoashiria kinyesi, na unahesabu mara tu sahani zinapotoka, maana zikipoa rangi hubadilika.

Klorini ina mtego mwingine, huu wa kwenye chupa. Sampuli ya bomba ikibebwa bila kitu cha kuizima, klorini inaendelea kuua njiani kutoka Nyegezi hadi mjini, na jibu linahusu maji yaliyofika maabara badala ya maji anayokunywa mama aliyekinga ndoo. Chupa ya mililita 120 iwekwe mililita 0.1 ya thiosalfeti ya sodiamu ya asilimia 3 kabla haijatakaswa. Usiisuuze chupa hiyo kwa maji unayochukua, utaimwaga dawa. Iweke kwenye barafu, pimeni ndani ya saa 6 ikiwezekana, na isipite saa 24 kwa hali yoyote.

Utando mmoja unahesabika vizuri ukiwa na koloni 20 hadi 80. Maji ya mto Mirongo baada ya mvua hayatakupa hizo kwa mililita 100. Utando utaziba kwa tope, au utaona zulia la njano. Chukua mililita 1, au zimua kwanza. Ila ukipima kiasi kidogo hivyo, tangulia kumimina kwenye faneli kama mililita 20 za maji ya kuzimulia yaliyotakaswa, ili bakteria watawanyike kote. Bila hayo wote watarundikana sehemu moja na koloni zao zitaungana.

Kwa samaki tunatumia ngazi za kuzimua. Gramu 10 za mnofu kwenye mililita 90 za maji ya peptoni ni ngazi ya 10⁻¹. Mililita 1 ya hapo kwenye mililita 9 ni 10⁻², na kuendelea hivyo, kwa pipeti mpya kila ngazi. Pipeti ileile ikishuka nayo ngazi zote, bakteria walionata ukutani wake wanateremka pamoja nayo, na namba za chini zinavimba. Chukua mfano huu: sahani mbili za 10⁻³ zina koloni 152 na 164, na mbili za 10⁻⁴ zina 17 na 13, kila moja ikiwa imetiwa mililita 1. Jumla ni 346. Gawanya kwa 2.2 × 10⁻³, maana sahani mbili za kwanza zinahesabiwa nzima na mbili za pili kwa sehemu ya kumi. Unapata 157,273, na unaandika 1.6 × 10⁵ kwa gramu. Zile tarakimu nyingine zitupe, hazina ushahidi nyuma yake. Na kama ulitandaza mililita 0.1 juu ya agari, hiyo 0.1 iingie kwenye hesabu. Kosa hili la mara kumi ndilo linaloongoza, na halionekani kwenye karatasi kwa sababu namba yenyewe inapendeza tu.

Agari ya kumimina iwe nyuzi 44 hadi 47. Kuipima kwa mgongo wa mkono hakutoshi, tumieni kipimajoto. Samaki aliyekaa kwenye barafu ana bakteria wanaopenda baridi, nao hao ndio wanaomwozesha. Agari ya moto inawajeruhi. Kwao ni bora kutandaza juu ya agari iliyokwisha kuganda.

Mnafundishwa kuhesabu sahani zenye koloni 30 hadi 300. Juu ya hapo zinabanana na kunyang'anyana chakula, kwa hiyo unahesabu pungufu. Chini ya hapo bahati ndiyo inayotawala, na sahani za 17 na 13 za mfano wetu ziliingia tu kwa kuwa zilijumlishwa na zile kubwa. Hata kazi ikifanywa bila dosari, koloni 100 zinaweza kuwa 80 au 120 ukirudia, na koloni 10 zinaweza kuwa 5 au 18. Ndiyo sababu mimi huona ni makosa kumwambia mtu kwamba kisima chake kimechafuka zaidi kwa kuwa kimetoka 8 kikaja 12.

Na sifuri? Sifuri kwenye mililita 100 huandikwa "chini ya 1 kwa mililita 100". Shirika la Afya Duniani linataka E. coli, bakteria wa kinyesi, wasionekane katika mililita 100 yoyote ya maji ya kunywa, na huo ni mpaka mzuri. Lakini chupa moja yenye sifuri bado inaweza kutoka kwenye maji yenye wastani wa karibu 3 kwa mililita 100. Ukitaka uhakika ongeza idadi ya chupa na siku za kuchukua.

Kipindupindu kinahitaji tahadhari ya peke yake. Sampuli ya ziwa tunaiotesha kwanza kwenye maji ya peptoni yenye alkali, pH 8.6, kwa saa 6 hadi 8, kisha tunaipitisha kwenye agari ya TCBS, inayowachagua bakteria wa jamii hii, tukitafuta koloni za njano. Baada ya hatua ile ya kwanza Vibrio cholerae, bakteria wa kipindupindu, wameshazaana. Kuhesabu koloni hapo na kuandika CFU ni kumdanganya msomaji. Andika amepatikana au hakupatikana, na hata "hakupatikana" ina mipaka: mwaka 1982 Rita Colwell na wenzake walionesha kwamba bakteria hawa wanaweza kuwa hai majini huku wakikataa kuota kwenye sahani.

Kuna kitu cha hapa kwetu ambacho vitabu vingi havikitaji. Mwanza iko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, na hewa inagandamiza kidogo kuliko pwani. Autokleivu, chombo cha kutakasia kwa mvuke, ikisoma pauni 15 kwa inchi ya mraba kwenye geji, ndani joto ni karibu nyuzi 119 badala ya 121. Pandisha hadi pauni 17, hewa ikiwa imeshatolewa yote, na hakikisha kwa kipimajoto au vichupa vya vimbegu vya majaribio. Kila siku otesha pia sahani moja isiyo na sampuli. Ikiota chochote, majibu ya siku hiyo hayatoki, hata kama mteja amesimama mlangoni.

Umeme ukikatika usiku, angalia kipimajoto cha kiwango cha juu na cha chini ndani ya inkubeta. Kama imeshuka chini ya nyuzi 43.5, muda hauongezwi kwa kukisia. Sampuli inachukuliwa upya.

Mstari wa majibu uwe hivi: "Koliformu wastahimilivu wa joto, 34 CFU kwa mililita 100, njia ya utando, mchuzi wa lauryl sulphate, nyuzi 44, saa 18, ujazo uliochujwa mililita 100." Waliotumia mirija mingi, safu tatu za mirija mitano yenye mililita 10, 1 na 0.1, wao hawana koloni za kuhesabu. Jibu lao ni MPN, yaani kadirio linalotoka kwenye jedwali, na liandikwe kwa jina hilo. Msizichanganye namba hizo mbili kwenye grafu moja ya mwaka.